Kitabu cha Kivuli na Maji kisitoke na kasoro hizi

Ndugu Mhariri,

Tunaomba nafasi kwenye ukurasa wako wa barua. Sisi ni wasomaji wa Mbeya na Iringa tunaofuatilia hadithi ya nchi ya Ulindimo inayotoka gazetini kila Jumamosi, na wengi wetu tunaicheza mezani kwa dado na karatasi, kila mtu na mhusika wake. Mmetangaza kwamba hadithi ikiisha mtatoa kijitabu, na kijitabu hicho ndicho kitakuwa Kitabu cha Kivuli na Maji chenyewe, kile ambacho mafundi wa Ulindimo hukitumia kuzuia muda kwa deni na kuurudisha kwa maji waliyoyatega yakidondoka kibuyuni. Mmesema pia kwamba neno la Kitabu litakuwa la mwisho. Jambo jema. Ila kwa namna sura 8 zilizokwisha kutoka zinavyokieleza, kikichapwa hivyo kilivyo kitagombana na hadithi yake, na mahali pengine kitagombana na jua.

Kosa kubwa kuliko yote liko sura ya 5. Ghala linaungua Jumamosi saa 2 usiku. Alfajiri ya Jumapili, saa 12, binti mfinyanzi anashika kibuyu kimoja cha usiku mmoja kilichokwisha kudondoka chote na kuomba arudishwe “usiku wa Jumamosi, saa ya moto”. Anafika, anauzima, watu wanashangilia. Lakini sura ya 1 ilisema wazi kwamba Ulindimo siku huanza jua linapozama, kama wazee wetu walivyohesabu na wengi tunavyohesabu mpaka leo. Kwa hesabu hiyo usiku wa Jumamosi ni ule ulioanza Ijumaa jioni. Binti ameomba kurudi nyuma saa 34 akiwa na maji ya saa 12. Maji yangemwishia Jumamosi saa 12 jioni, na sura ya 3 imeshasema aishiwaye maji njiani huganda mahali alipo mpaka muda uliopungua umalizike. Angeganda kwa saa 22. Kichekesho ni kwamba angekuwa amefika kabla ya moto kwa saa 2 nzima, amesimama pale pale mlangoni pa ghala, anauona unawaka na hawezi kunyanyua mkono. Angefunguliwa Jumapili saa 10 jioni, majivu yameshapoa.

Sisi tungependa hiyo ndiyo iwe sura ya 5. Ila kama mwandishi anataka ghala lipone, basi Kitabu kiweke sharti: fundi asitaje jina la siku hata mara moja. Ataje machweo, halafu ataje kata, kipimo cha Ulindimo cha kama saa moja. “Machweo yaliyopita, kata mbili.” Hapo hakuna wa kukosea, awe amekulia kuhesabu siku kwa machweo au kwa kalenda ya ukutani. Na ile mistari ya sura ya 6 inayosema madeni ya kuzuia muda hufungwa saa 6 usiku ifutwe. Ulindimo hakuna kitu kinachotokea saa 6 usiku isipokuwa usingizi.

Sasa machweo ni lini? Hapa Kitabu kinahitaji ukurasa mzima, kwa sababu mwandishi ameijenga Ulindimo kwa mfano wa nyanda zetu za juu kusini, na huku jua na saa ya mkononi havipatani. Saa ya Tanzania imewekwa kwa mstari wa longitudo wa nyuzi 45 mashariki, ambao uko baharini mbali na pwani yetu. Mbeya tuko karibu na nyuzi 33 na nusu. Kila nyuzi moja ni dakika 4, kwa hiyo jua hufika juu kabisa Mbeya saa ya ukutani ikiwa kama saa 6 na dakika 46, na kwa mwaka huyumba kama robo saa huku na huku. Iringa huwahi Mbeya kwa dakika 9 hivi. Jua huzama Mbeya mnamo saa 12 na dakika 35 jioni mwishoni mwa Juni, na mwishoni mwa Desemba linapita saa 1 usiku kwa dakika chache. Mwandishi anayeandika “saa 12 kamili jua likazama” mwaka mzima anawaandikia watu wa mahali pengine.

Je, kata iwe sehemu moja kati ya 12 za mchana halisi, au iwe na urefu ule ule siku zote? Tumeona hoja za pande zote mbili. Kwetu mchana mrefu na mchana mfupi vimepishana kama saa moja tu, kwa hiyo kata ya mchana wa Juni ingekuwa dakika 58 na ya Desemba dakika 63. Ni tofauti ndogo, lakini dakika 5 ni nusu ya mkopo wa dakika 10 wa fundi mwanafunzi, na mezani watu wamewahi kugombea kidogo kuliko hapo. Iwe dakika 60, basi. Ianze kuhesabiwa machweo.

Kuna mwanya mwingine ambao wachezaji wajanja watauona siku ya kwanza. Milima. Anayekaa Matema, ufukweni mwa Ziwa Nyasa, ana Milima ya Livingstone mashariki yake, na asubuhi jua humchelewea wakati wenzake wa upande wa pili wa ziwa wameshaanikwa. Anayekaa bondeni mwenye mlima magharibi naye hupoteza jua mapema kuliko mchungaji aliye kileleni. Kama machweo ni pale jua linapotoweka machoni pa fundi, basi fundi mwenye deni atapanda mlima jioni kuongeza dakika, na mwenye haraka ya kuanza siku mpya atashuka korongoni. Tunapendekeza maneno haya: deni hufungwa kwa machweo ya mahali lilipokopwa, na machweo ni ya upeo tambarare, si ya mlima. Kila mji uwe na mpiga ngoma mmoja wa kuyatangaza. Mpiga ngoma akihongwa, hiyo ni hadithi nyingine na ni nzuri.

Kivuli tutakiongelea kwa ufupi. Kazi yake ni kusahihisha kibuyu kila adhuhuri, basi. Fimbo ya mita 1 iliyosimama wima Mbeya, jua likiwa juu kabisa, hutoa kivuli cha sentimita 63 kuelekea kusini mwishoni mwa Juni, na cha sentimita 26 kuelekea kaskazini mwishoni mwa Desemba. Kati ya hapo kuna siku mbili kivuli hicho hupotea chini ya fimbo: moja katikati ya Oktoba, nyingine siku za mwisho za Februari. Sura ya 4 imesema siku isiyo na kivuli ni moja kwa mwaka na iko katikati ya kipupwe. Haiwezekani; kipupwe ndipo kivuli cha adhuhuri ni kirefu kuliko wakati wowote. Ziwe mbili, na mwandishi atafaidika, kwa sababu ya Oktoba ni kiangazi na kila mtu ataiona, ila ya Februari ni katikati ya mvua na mawingu huku kwetu. Fundi anayeingoja ya Februari anaweza kukaa uwanjani na fimbo yake mpaka jioni asipate jua hata la dakika moja.

Tuje kwenye maji, maana ndiko Kitabu kinakosimama au kuanguka. Kanuni iliyo bora katika hadithi nzima ni ile ya sura ya 3: huwezi kurudi kwenye wakati ambao hukuutegea maji. Maji yaliyodondoka wakati ule ndiyo yanayomiminwa tena kibuyuni ili wakati ule urudi. Kwa kanuni hiyo moja mwandishi ameziba mashimo yote ambayo huua hadithi za muda. Hakuna wa kuuliza kwa nini fundi asirudi miaka 40 kumnyonga adui akiwa mtoto. Jibu ni kwamba hakuna aliyetega maji siku ile. Na aliyetega anabeba uzito wake.

Uzito huo ndio mwandishi ameusahau. Kipimo chake kidogo ni kijiko, yaani dakika moja. Tuchukue kijiko cha chai, mililita 5. Kata moja ni vijiko 60, mililita 300, ambayo ni kata ya kawaida ya kuchotea maji mtungini. Usiku mzima wa kata 12 ni lita 3.6. Siku nzima ni lita 7.2, na lita moja ni kilo moja. Kibuyu cha usiku mmoja hakining'inizwi shingoni kama kidani, ingawa ndivyo tunavyosoma sura ya 2. Kinabebwa mgongoni kwa mbeleko ya ngozi, na bado kuna chombo cha kupokelea. Fundi mwenye akili husafiri na msaidizi. Hapo mmepata mhusika wa pili bila kumtafuta.

Tundu la kibuyu limeandikwa kuwa “nene kama kidole”. Kwa tundu hilo lita 3.6 zinaisha chini ya dakika moja. Maji yenye kina cha sentimita 10 juu ya tundu, yakitakiwa kutoka mililita 5 kwa dakika, yanataka tundu la kama theluthi moja ya milimita. Ni jembamba kuliko sindano ya kushonea. Halitobolewi kwa kisu. Fundi hutoboa kubwa kidogo kwa waya wa moto, huziba kwa nta, kisha hupitisha unywele mgumu wenye unene huo kwenye nta ikiwa bado laini na kuuchomoa ikishakauka. Likizidi ukubwa, anaziba na kuanza upya. Kuongeza nta juu ya tundu lililokwisha kuwa pana hakusaidii, hubanduka usiku wa manane.

Tundu dogo hivyo huziba. Maji yachujwe kwa kitambaa, tena mara mbili. Na kibuyu kisiwe kile kilichowahi kuwekwa ulanzi, ile pombe ya mianzi, hata kikioshwa vipi, kwa sababu utamu hubaki kwenye nyama ya kibuyu, hufanya utelezi baada ya siku mbili tatu na utelezi huo huenda moja kwa moja kwenye tundu. Kibuyu kipya, kilichokaushwa, kikalowekwa na kumwagwa mpaka maji yatoke bila ladha ya uchungu.

Hata tundu likiwa sahihi, kibuyu kimoja peke yake ni mwongo. Maji yakiwa mengi hutoka kwa kasi, yakipungua kasi hupungua nayo. Kina kikibaki robo, kasi ni nusu ya ile ya mwanzo. Kwenye chombo kilichonyooka kama ndoo, nusu ya kwanza ya maji huondoka ndani ya sehemu 3 tu kati ya 10 za muda wote. Fundi akigawa kibuyu kwa alama zilizo sawa, kata yake ya kwanza ni fupi na ya mwisho haiishi. Dawa ni vyombo vitatu. Kibuyu cha juu hudondosha haraka kuliko inavyotakiwa. Kikombe cha katikati hupokea, nacho kina mkato mdomoni wa kumwagia ziada pembeni, hivyo kina chake hakibadiliki. Chini ya kikombe hicho ndipo lilipo lile tundu la unywele, na maji yake huingia kwenye bakuli la udongo lenye kifuniko. Ya bakuli ndiyo maji ya muda. Ya pembeni ni maji ya kunawa tu. Yakichanganywa, fundi atarudi na muda usiokuwapo ndani ya muda uliokuwapo, na hapo Kitabu kiseme waziwazi kinachotokea: kwa kila kijiko cha maji ya kunawa, anakosa kijiko kimoja cha alichokuwa akikitazama. Anaona mtu mlangoni, kisha anaona mtu huyo kitandani, katikati hakuna kitu.

Kuku akinywa bakulini ni hasara ileile. Jua likikausha, vilevile. Kifuniko cha jani la mgomba kinatosha kwa usiku mmoja, zaidi ya hapo udongo. Na wale wanaopeleka hadithi kwenye nyanda za baridi wakumbuke kwamba maji ya nyuzi 5 yana mnato mara moja na nusu ya maji ya nyuzi 20, kwa hiyo kwenye tundu jembamba hutambaa. Usiku wa Julai kama wa Makete au Njombe, wenye umande wa kuganda, kibuyu kilichopimwa bondeni kitachelewa, na karibu na alfajiri kinaweza kuganda kabisa. Mwandishi ana tukio zuri hapo na hajalitumia.

Kuhusu kuzuia muda hatuna ugomvi mkubwa ila bei. Kuzuia hakutumii maji, hutumia deni. Fundi akizuia kwa vijiko 10, atalazimika kusimama ameganda kwa muda wa vijiko 10, popote atakapochagua, kabla machweo hayajafika. Asipolipa, deni huzidishwa mara mbili kila machweo. Ni kausha damu kabisa, ile mikopo ya riba ya kunyonya, na wasomaji wenu wataielewa bila maelezo. Kinachokosekana ni ukubwa wa kinachozuiwa. Tunapendekeza: kitu kisichozidi boga, kijiko 1 kwa kila kijiko cha kuzuia, mtu au mnyama, vijiko 5, chumba na vilivyomo, vijiko 20. Mto usizuiliwe. Moto uzuiliwe kama chumba, maana moto bila hewa yake si moto. Mwanafunzi asikope zaidi ya vijiko 10 kati ya machweo na machweo.

Mezani, mpe kila mchezaji punje 24 za maharage kwa siku ya mchezo, kila punje kijiko kimoja. Kwa 24 anaweza kumzuia mtu mmoja vijiko 4 akabaki na punje 4, au chumba kwa kijiko kimoja na akabaki na zile zile 4. Ukimpa 60, hakuna vita inayodumu. Anazuia chumba mara tatu na kuondoka na funguo. Ukimpa chini ya 20 chumba hakizuiliki kabisa bila mkopo, na mwanafunzi ataacha kujaribu. Punje za deni ziwe za rangi nyingine, ziwekwe katikati ya meza kila mtu azione. Msimulizi asizifiche.

Kuchungulia mbele, yaani kuona yajayo, kuondolewe. Sura ya 7 imeligusa jambo hilo kwa aya moja na imetosha kuonyesha ubaya wake. Kwenye hadithi humlazimisha mwandishi kutimiza alichokionyesha, na mezani msimulizi hajui wachezaji watafanya nini hata nusu saa ijayo, sasa atawaonyesha nini?

Neno dogo kuhusu kile chuma cha kimondo anachokibeba binti mfinyanzi. Tunafurahi kwamba mwandishi ametazama Kimondo cha Mbozi, kule Songwe, ambacho ni chuma kwa takriban asilimia 90 na nikeli zaidi kidogo ya asilimia 8. Lakini chuma cha namna hiyo kina uzito karibu mara 8 ya maji. Kipande “kama boga” alichotia binti mfinyanzi kwenye mkoba, boga la lita 4 tuseme, kina kilo kama 31, naye akapanda nacho mlima anakimbia, kibuyu kikiwa mgongoni. Kiwe kama yai. Kinatosha kukata uzi wa muda, kama ndiyo kazi yake, na bado atakisikia mfukoni.

Mwisho, Mhariri, mfikishie mwandishi hesabu hii kabla hajaandika sura ya 9. Binti mfinyanzi alikopa vijiko 10 sura ya 6 ili azuie mlango, na hajaonyeshwa akilipa. Tumehesabu machweo yote yaliyotajwa tangu hapo na yamefika 7. Kumi imekuwa 1,280, yaani kata 21 na vijiko 20. Siku nzima ina vijiko 1,440 tu. Machweo ya nane deni litakuwa 2,560 na halitalipika tena milele. Ili alipe kabla ya ngoma inayofuata lazima aanze kusimama kabla hazijapita kata 2 na vijiko 40 tangu machweo. Sura ya 8 imemwacha sokoni, kata ya pili imeisha, anasubiri uji wa ulezi upoe. Ana vijiko 40 vya kutafuta mahali pa kusimama mpaka kesho jioni bila kuibiwa kibuyu.

Wasomaji wenu,
Mbeya na Iringa